Walishinda Crécy, Poitiers na Agincourt: kwa nini basi Waingereza waliipoteza Ufaransa?

Swali la msomaji: Nimekuwa nikisoma juu ya Vita vya Miaka Mia kati ya Uingereza na Ufaransa. Kila pambano kubwa ninalokutana nalo, Waingereza wameshinda kwa pinde zao ndefu, tena wakiwa wachache: Crécy, Poitiers, Agincourt. Lakini mwishowe wao ndio waliofukuzwa. Imekuwaje? Je, ni Jeanne d'Arc aliyegeuza mambo? Na vita hivi viliisha lini hasa?

Jibu:

Umeuliza jambo ambalo simulizi nyingi za vita hivi hulipita haraka. Zinaeleza mapambano hayo matatu, zinamtaja Jeanne d'Arc, kisha ghafla tuko mwaka 1453 na Waingereza hawapo tena. Jibu langu ni kwamba ushindi wa siku moja uliwapa mateka, mali na sifa, lakini nchi yenyewe ilikuwa ndani ya kuta za miji na ngome. Kuzishika kuta hizo kulitaka askari wanaolipwa mwezi baada ya mwezi, vita viwepo au visiwepo. Wafaransa walichelewa kujua namna ya kuwalipa askari wa aina hiyo, na walipojua, Waingereza walizidiwa. Tena somo hilo walilipata kutokana na kipigo cha Poitiers chenyewe, jambo ambalo naliona kubwa kuliko yote katika historia hii, nami nitakaa nalo zaidi.

Kwanza chanzo cha ugomvi. Mwaka 1328 Charles wa Nne wa Ufaransa alifariki bila kuacha mtoto wa kiume. Edward wa Tatu wa Uingereza alikuwa mpwa wake, mtoto wa dada yake Isabella. Wakuu wa Ufaransa hawakumtaka. Walimpa kiti binamu wa upande wa kiumeni, Philippe wa Valois. Edward alikuwa bado kijana, akakubali, na mwaka uliofuata akaenda Amiens kula kiapo mbele ya Philippe kwa ajili ya Gascony. Hii ni nchi ya kusini-magharibi mwa Ufaransa, inayozunguka Bordeaux, ambayo wafalme wa Uingereza waliirithi tangu karne ya 12. Kwao alikuwa mfalme kamili, lakini kwa ardhi ile alikuwa chini ya mfalme mwenzake, na mtu yeyote wa Gascony aliyeshindwa kesi angeweza kukata rufaa Paris. Hali hiyo isingedumu. Mei 1337 Philippe alitangaza kumnyang'anya Gascony, na Januari 1340, akiwa mjini Ghent, Edward akajitangaza mfalme wa Ufaransa.

Sasa upinde. Usiudharau, kwa sababu sifa zake nyingi ni za kweli. Ulitengenezwa kwa mti wa yew, ukiwa na urefu wa kimo cha mtu au kuzidi. Pinde zilizoopolewa kutoka kwenye meli Mary Rose, iliyozama mwaka 1545, zinaonyesha kwamba kuuvuta upinde kamili kulitaka nguvu ya mtu aliyezoezwa tangu utotoni. Ndiyo maana mwaka 1363 Edward aliamuru wanaume wafanye mazoezi ya kulenga siku za sikukuu. Mpiga mishale hodari aliweza kurusha mishale kumi au zaidi kwa dakika. Faida nyingine ilikuwa bei: askari wa deraya alilipwa peni 12 kwa siku, mpiga mishale mwenye farasi peni 6, na wa miguu peni 3. Kwa mshahara wa shujaa mmoja, mfalme alipata watu wawili hadi wanne wa upinde.

Lakini angalia mazingira ya ushindi wenyewe. Pale Crécy, tarehe 26 Agosti 1346, Waingereza walikuwa wamekwisha kujipanga kwenye mteremko. Wafaransa walifika jioni wakiwa wamechoka, wakashambulia bila kusubiri wenzao. Mamluki wao wa Genoa, waliotumia pinde za mtambo, walisukumwa mbele ilhali ngao zao kubwa za kujikingia zilikuwa bado kwenye magari ya mizigo huko nyuma. Agincourt, tarehe 25 Oktoba 1415, shamba lilikuwa limelimwa upya, mvua ilikuwa imenyesha usiku, na misitu ilibana pande zote mbili. Wafaransa wenye deraya nzito walizama kwenye tope, wakasongamana hadi wengine wakashindwa hata kuinua mkono. Wapiga mishale walikuwa nyuma ya vigingi vilivyochongwa. Katika mapambano hayo yote mawili upinde ulifanya kazi kwa sababu Waingereza walikuwa wamesimama na Wafaransa ndio waliokuja.

Itakuwaje basi adui akikataa kuja? Hapo turudi Poitiers.

Septemba 19, 1356, mtoto wa Edward, yule anayejulikana kama Mwanamfalme Mweusi, alilishinda jeshi la Ufaransa karibu na Poitiers na kumteka mfalme wao, Jean wa Pili. Nchi ilivurugika kabisa. Askari waliokosa mishahara wakageuka majambazi, na mwaka 1358 wakulima wa kaskazini waliwaasi mabwana wao, wakauawa kwa maelfu. Kwa mkataba wa Brétigny wa mwaka 1360, Edward alipewa eneo kubwa la kusini-magharibi bila kumlia kiapo mtu yeyote, pamoja na bandari ya Calais kaskazini. Fidia ya kumkomboa Jean ikapangwa kuwa ekyu milioni 3 za dhahabu. Ukisimama hapo utasema vita vimekwisha na Uingereza imeshinda.

Fidia hiyo ilipaswa kulipwa, na njia ya kuilipa ilikuwa kodi. Kabla ya hapo mfalme wa Ufaransa alitarajiwa kuishi kwa mapato ya ardhi zake mwenyewe. Kodi ya nchi nzima ilikuwa ya dharura, ikijadiliwa na kulaumiwa kila mara. Desemba 1360 Jean aliporudi aliweka ushuru wa chumvi, wa mvinyo na wa bidhaa zinazouzwa sokoni. Mwezi huohuo ikatolewa sarafu mpya ya dhahabu iliyoitwa franc, ambayo jina lake limefika mpaka faranga za Kongo, Burundi na Rwanda. Miaka mitatu baadaye ikaja kodi ya kila kaya, kwa ajili ya kulipa askari wa kupambana na majambazi. Fidia haikulipwa yote. Jean alirudi mwenyewe London, mmoja wa wanawe aliyeachwa rehani alipotoroka, akafia huko mwaka 1364. Kodi zikaendelea kukusanywa. Watu walizizoea kwa shida, kwa machozi na hata kwa maandamano ya damu katika miaka ya 1380, lakini tangu hapo mfalme wa Ufaransa alikuwa na kitu ambacho babu zake hawakuwa nacho: fedha zinazoingia kila mwaka bila kungoja msiba.

Mtoto wa Jean, Charles wa Tano, alizitumia kwa akili. Hakuwa mtu wa upanga. Mwaka 1368 Mwanamfalme Mweusi, aliyekuwa akitawala kusini-magharibi, aliwatoza Wagascon kodi ya kaya ili alipie vita vyake vya Hispania. Baadhi ya mabwana wa kule wakakata rufaa Paris, Charles akaipokea, na vita vikaanza upya mwaka 1369. Jemadari aliyemteua mwaka 1370, Bertrand du Guesclin, alitoka katika ukoo mdogo wa Brittany. Mkakati wao ulikuwa wa kuudhi: jeshi kubwa la Waingereza likija, funga malango, ficha chakula, liache lipite. Likishapita, chukua ngome zake moja moja.

Waingereza walikuwa na desturi ya kutuma majeshi ya farasi yapite ndani ya Ufaransa yakichoma vijiji, mashamba na vinu, kusudi mfalme wa Ufaransa aonekane hawezi kulinda watu wake, apandwe na hasira, atoke kupigana. Mwaka 1355 Mwanamfalme Mweusi alitoka Bordeaux akachoma njia nzima hadi Narbonne, karibu na Bahari ya Mediterania. Tukisoma habari za vita hivi tunapaswa kuwakumbuka waliokuwa ndani ya nyumba hizo. Wengi wa waliokufa katika miaka ile hawakuwa mashujaa wa Agincourt. Walikuwa wakulima waliobaki bila mbegu ya msimu ujao. Hata hivyo, mwaka 1373 John wa Gaunt, mtoto mwingine wa Edward, alipotoka Calais na jeshi kubwa akavuka nchi nzima mpaka Bordeaux, hakuna aliyetoka kupigana naye. Farasi wake wengi walikufa milimani, watu wake wakafika wakiwa na njaa, na hakuacha nyuma yake mji wa maana uliokuwa wa Uingereza. Charles alipofariki mwaka 1380, sehemu kubwa ya kile kilichotolewa Brétigny ilikuwa imerudi. Waingereza walibaki na Calais, ukanda wa Bordeaux na Bayonne, na bandari chache.

Kwa upande wa Uingereza, mfalme hakuweza kutoza kodi ya moja kwa moja bila Bunge kukubali, na watu hawakuwa wengi: kabla ya tauni ya 1348 Ufaransa ilikuwa na watu mara tatu ya Uingereza au zaidi. Walipojaribu kodi ya kichwa, iliyotozwa mara tatu kati ya 1377 na 1381, wakulima wa Kent na Essex waliingia London na kumuua askofu mkuu.

Basi Henry wa Tano, mfalme wa Uingereza wakati wa Agincourt, aliwezaje kuiteka nusu ya kaskazini ya Ufaransa? Wengi hujibu kwa kutaja Agincourt. Mimi nasema hapana. Agincourt ilimpatia mateka wakubwa, akiwemo Charles wa Orléans aliyefungwa Uingereza miaka 25, na ilimpatia moyo wa Bunge lake. Ardhi aliyoondoka nayo mwaka 1415 ilikuwa bandari moja, Harfleur, aliyoizingira kabla ya pambano. Kilichomfungulia Ufaransa ni Wafaransa kuuana wenyewe. Mfalme wao Charles wa Sita alikuwa akipatwa na wazimu tangu 1392. Mdogo wake, Louis wa Orléans, aliuawa mtaani Paris mwaka 1407 kwa amri ya mtawala wa Burgundy, jimbo la mashariki mwa Ufaransa, na pande hizo mbili zikaingia vitani. Henry alirudi mwaka 1417 na kuiteka Normandy, jimbo la kaskazini, mji kwa mji, kwa kuzingira. Mzingiro wa Rouen, kuanzia Julai 1418 hadi Januari 1419, ulikuwa wa kutisha: walinzi wa mji waliwatoa nje maskini wasio na chakula, Henry akawakatalia njia, wakabaki kwenye handaki kati ya ukuta na kambi katika baridi kali, wakafa humo.

Septemba 1419 mtawala wa Burgundy naye aliuawa kwenye daraja la Montereau, mbele ya mrithi wa kiti cha Ufaransa ambaye baadaye angekuwa Charles wa Saba. Mtoto wa marehemu, Philip, akaenda moja kwa moja upande wa Waingereza. Mkataba wa Troyes wa Mei 1420 ukamfanya Henry mrithi wa Ufaransa na mume wa binti mfalme. Miaka miwili baadaye Henry na Charles wa Sita wote walikuwa wamefariki, na mfalme wa nchi zote mbili alikuwa mtoto mchanga wa miezi michache, Henry wa Sita.

Mkataba huo ulikuwa na mtego ndani yake. Kabla ya Troyes Waingereza walikuwa wakivamia nchi ya adui. Baada yake walikuwa wanatawala nchi ya mfalme wao, na kwa hiyo Bunge la London lilisema, kwa mantiki isiyopingika, kwamba gharama zilipwe na raia wake wa Ufaransa. Mzigo ukawaangukia watu wa Normandy, waliokwisha kuchomewa na kuporwa. Kila mji uliochukuliwa uliongeza kikosi cha kulisha. Mwaka 1433 mweka hazina wa Uingereza aliwasilisha mahesabu yaliyoonyesha deni la zaidi ya pauni 160,000, zaidi ya mara mbili ya mapato ya mwaka.

Sasa nije kwa Jeanne d'Arc. Msichana huyu wa kijijini Domrémy alifika Orléans mwishoni mwa Aprili 1429, mji ukiwa umezingirwa tangu Oktoba, na tarehe 8 Mei Waingereza wakaondoka. Tarehe 18 Juni, huko Patay, wapanda farasi wa Ufaransa waliwakuta wapiga mishale kabla hawajamaliza kujipanga na kupigilia vigingi, wakawasambaratisha. Hapo ndipo inapoonekana wazi upinde ni nini bila matayarisho yake. Kisha Jeanne alisisitiza jambo ambalo majemadari wengi waliliona hatari: kumpeleka Charles mpaka Reims, ndani kabisa ya eneo la wapinzani, akatawazwe. Miji ya njiani, ikiwemo Troyes kulikotiwa saini ule mkataba, ilifungua malango. Tarehe 17 Julai Charles akapakwa mafuta kama wafalme waliomtangulia. Mtu aliyekuwa akijiuliza mfalme wa kweli ni nani alipata jibu, na jibu hilo halikuweza kufutwa kwa kumchoma msichana aliyelileta, kama Waingereza walivyofanya Rouen tarehe 30 Mei 1431. Alikuwa na umri wa miaka wapata 19. Namheshimu sana, na sikubaliani na wanaomfanya pambo la hadithi.

Hata hivyo, kutoka Orléans hadi mwisho wa vita ni miaka 24. Wafaransa waliichukua tena Paris bila yeye, na Normandy ilibaki mikononi mwa Waingereza kwa miongo miwili. Kama ungenitaka nichague mwaka mmoja wa mgeuko, ningechagua 1435. Septemba ya mwaka huo, huko Arras, Philip wa Burgundy alipatana na Charles wa Saba, siku chache tu baada ya kufariki kwa Bedford, ami yake mfalme mtoto na ndiye aliyekuwa akiibeba Ufaransa ya Kiingereza mabegani. Aprili 1436 Paris ikafungua malango. Ushirika ulioifanya Troyes iwezekane ulikuwa umekufa.

Charles wa Saba, ambaye ujana wake haukuonyesha dalili ya ukubwa, alifanya kazi ya uvumilivu. Mwaka 1439 alitangaza kwamba hakuna bwana yeyote anayeruhusiwa kukusanya askari bila idhini ya mfalme. Waingereza walipokubali kusimamisha mapigano mwaka 1444, yeye hakupumzika. Mwaka 1445 aliwachagua askari bora na kuunda vikosi vya kudumu, vinavyolipwa hata wakati wa amani: vikosi 15, kila kimoja na vikundi 100 vya watu sita. Mwaka 1448 kila kaya 50 zikatakiwa kutoa mpiga mishale mmoja, naye akasamehewa kodi. Ndugu wawili, Jean na Gaspard Bureau, walishughulikia mizinga, baruti na usafirishaji wake. Vyote hivi vililipwa na kodi ambazo mizizi yake ni fidia ya Poitiers.

Matokeo yalikuja kwa kasi ya ajabu. Machi 1449 Waingereza walivunja suluhu kwa kuuteka mji wa Fougères. Charles akaingia Normandy. Rouen ikaanguka Oktoba, wenyeji wenyewe wakiwainukia Waingereza. Miji mingi ilisalimu amri ilipoona mizinga inapangwa. Tarehe 15 Aprili 1450, huko Formigny, Waingereza walijipanga kama walivyojipanga siku zote, wakangoja kushambuliwa. Wafaransa wakaleta mizinga miwili midogo na kuanza kuwapiga kutoka mbali. Wapiga mishale hawakuvumilia, wakatoka kuinyakua, na mpango wao ukavunjika. Kisha kikosi kingine cha Wafaransa kikatokea ubavuni. Mbinu ya Crécy ilitaka adui aje, na sasa adui alikuwa na kitu cha kuwalazimisha wao waende. Agosti Cherbourg ikachukuliwa, na Normandy ikaisha. Ilimchukua Henry miaka miwili kuiteka, na Charles mwaka mmoja kuirudisha.

Gascony ilikuwa tofauti, na hili huwashangaza wengi. Watu wa Bordeaux hawakuona kuwa wanakombolewa. Walikuwa chini ya Uingereza kwa karibu miaka 300, mvinyo wao uliuzwa huko, na Wafaransa walipouchukua mji mwaka 1451 waliwaita Waingereza warudi. Alikuja John Talbot, jemadari mwenye zaidi ya miaka 60, na mwaka 1452 mji ukampokea. Tarehe 17 Julai 1453, huko Castillon, aliambiwa kwamba Wafaransa wanakimbia, akaishambulia kambi yao yenye handaki bila kusubiri askari wake wa miguu wote wafike. Ndani ya kambi hiyo mizinga ya Jean Bureau ilikuwa imepangwa. Talbot aliuawa pamoja na mwanawe. Oktoba Bordeaux ikasalimu amri.

Kuhusu tarehe ya mwisho, wanahistoria hutumia 1453, lakini mwaka huo hakuna mkataba wa amani uliotiwa saini. Uingereza haikurudi kwa sababu Henry wa Sita alipoteza fahamu zake Agosti ya mwaka uleule, na punde mabwana wake wakaanza kupigana wao kwa wao. Calais walibaki nayo mpaka Januari 1558, na wafalme wao waliendelea kujiita wafalme wa Ufaransa mpaka 1801. Jaribio la mwisho linalostahili kutajwa ni la mwaka 1475, Edward wa Nne alipovuka bahari na jeshi kubwa. Louis wa Kumi na Moja, mtoto wa Charles wa Saba, alikutana naye darajani Picquigny mwezi Agosti. Alimlipa ekyu 75,000 papo hapo na kuahidi 50,000 kila mwaka, na Edward akarudi kwao bila kupigana.